Kebo Italala Wapi? Mazungumzo na vijana wa ufundi, Chake Chake

Assalamu alaykum. Walio nyuma wananisikia? Hiyo feni naomba ipunguzwe kidogo, inaniibia sauti. Ahsanteni.

Kabla hatujaingia humu kijana mmoja kanivuta pembeni, kaniuliza, "Fundi, kebo gani ya faiba ndiyo nzuri?" Nikamwambia, mwanangu, ukenda dukani ukauliza viatu gani vizuri, muuzaji atakuuliza unakwenda navyo wapi, harusini au mwambani kuvua pweza. Akacheka, akadhani namkimbia swali. Basi leo nitamjibu mbele yenu nyote.

Kila safu nimegawa vipande viwili vya kebo. Kimoja cheusi kinene, kimoja cha njano chembamba. Vipitisheni, lakini msivichane bado.

Faiba ni uzi wa kioo unaopitisha mawasiliano kwa mwanga, na ndani ya vyote viwili kuna kioo cha aina moja. Uzi wenyewe una unene wa maikromita 125, yaani chukua milimita moja uigawe mafungu manane. Katikati yake mna njia ya mwanga ya kiasi cha maikromita 9. Juu ya kioo kiwandani hupakwa utando laini wa plastiki, ukafika robo ya milimita. Uzi huo ukitoka hapo unaitwa mtupu, ijapokuwa umeshavaa fulana. Na kioo cha leo ni safi mno. Mwaka 1970 watafiti wa kampuni ya Corning, Marekani, walisifiwa kwa kupata uzi unaopoteza desibeli 20 tu kwa kilomita, desibeli ndiyo kipimo chetu cha mwanga unaopotea njiani. Sasa hivi tunazungumzia desibeli 0.2 kwa mwanga wa nanomita 1550, yaani urefu wa wimbi lake. Kwa hivyo ukisikia faiba imeharibika, mara nyingi kioo hakina kosa lolote, kosa ni la aliyekichagulia nguo.

Nani humu ana ndugu mvuvi? Naona mikono mingi, hii Pemba bwana. Basi niambieni: ngalawa ukiifunga maji yakiwa yametoka, ukaikaza kamba ikawa haina nafasi hata shibiri, yakija maji ya bamvua itakuwaje? Ama kamba itakatika, ama chombo kitazama kikiwa kimefungwa. Mvuvi huacha kamba ilegee. Maji yakipanda, chombo kinapanda nacho.

Kipande cheusi kimetengenezwa kwa akili hiyohiyo. Tunakiita kebo ya mrija mlegevu. Nyuzi kadhaa, mara nyingi 12, zimelazwa ndani ya mrija mgumu wa plastiki bila kugandishwa, na urefu wa uzi ni mkubwa kidogo kuliko urefu wa mrija. Kisha mirija husokotwa kuzunguka ufito wa katikati, inakwenda kulia halafu inarudi kushoto, kama ukili unavyosukwa ukageuzwa. Kebo ikivutwa na fundi, ikatanuka kwa jua, ikanywea kwa baridi, uzi wenyewe haujui. Umelegea ndani, unajongea. Ndani ya mrija mara nyingi mna grisi nyepesi ya kuzuia maji, na siku hizi wengine hutia nyuzi au unga unaovimba ukiguswa na maji. Nje lipo ganda la polithini jeusi. Weusi ule si pambo. Ni masizi ya kaboni, na ndiyo yanayolinda plastiki isiliwe na jua. Kebo nyeupe ukiiacha juani Makunduchi, miaka michache tu utaikuta inapasuka kama ganda la boflo.

Sasa cha njano. Hapa uzi umevishwa nguo ya kubana, plastiki imegandana nao mpaka ukafika karibu milimita nzima, maikromita 900. Hauna nafasi ya kujongea. Lakini unaushika kwa mkono, unautia kichwa cha kuchomekea moja kwa moja, unaukunja nyuma ya kabati la mitambo, hauna grisi ya kukupaka nguo. Kwa ndani ya nyumba ni raha tupu. Ukiutoa nje, kila kinachoipata plastiki kinaupata uzi.

Naijua habari hii kwa sababu nimeikosea mwenyewe. Nilipata kazi katika hoteli moja ufukweni upande wa mashariki Unguja, nyumba ndogondogo za makuti, mapokezi hapa, vyumba kule, mita mia na kitu katikati. Mwenye mali alikuwa ameshanunua kebo ya njano, bei nafuu. Nikamwambia hii ni ya ndani. Akanijibu, "Si tunaitia kwenye bomba? Basi iko ndani." Na mimi nikanyamaza. Nilihitaji ile kazi, siwafichi.

Bomba la plastiki chini ya ardhi ni mtungi, jamani. Kama halikujaa maji leo litajaa kesho. Maungio huvuja, na hata lisipovuja unyevu hujikusanya humo. Kaskazi yote ile mambo yalikuwa mazuri, wageni wanatazama mpira. Masika ilipoingia, vyumba vitatu vya mwisho vikazima, vikawaka, vikazima. Nikaenda na mashine ya kupimia, ile inayotuma mwanga ndani ya uzi na kusikiliza mwangwi wake. Kwa mwanga wa nanomita 1310 palionekana pana nafuu. Kwa 1550 pamekufa. Hilo lishikeni vizuri: hasara ikizidi sana kwenye 1550 kuliko 1310, uzi haukukatika, unabanwa au umepindwa pahala. Plastiki ya kubana ilikuwa imevimba na kujikunja, ikawa inauminya uzi kila baada ya hatua.

Lakini lililonishangaza nililiona mapokezini. Kabati la mitambo lilikuwa juu, pakavu, mbali kabisa na ganda la kebo lilipotoboka bombani, na chini ya kebo kulikuwa na tone la maji. Nikafuta. Asubuhi lipo tena. Ndani ya kebo ya njano mna zile nyuzi za aramidi, za njano pia, zenye nguvu za kuvutwa. Hazikutiwa dawa ya kuzuia maji, kwani nani ategemee maji sebuleni? Zikawa utambi. Kama utambi wa kandili unavyopandisha mafuta, zilipandisha maji ya shimoni mpaka ndani ya kabati. Tulifukua, tukang'oa yote, tukalaza nyeusi. Gharama ya kuchimba mara ya pili niligawana na mwenye hoteli, na sikubakiwa na kitu.

Kuna anayesema, basi tutumie nyeusi kila pahala tumalize. Mwenzangu mmoja alifanya hivyo Mji Mkongwe. Nyumba ya ghorofa nne, kuta za mawe ya matumbawe na chokaa, unene wa dhiraa na zaidi, dari za boriti za mkoko. Akaipandisha kebo ya grisi moja kwa moja kutoka uchochoroni mpaka darini. Joto la Februari likafika, grisi ikaanza kushuka polepole, kabati la chini likawa limepakwa kama sufuria ya halwa. Na uzi mlegevu ukisimamishwa wima nao hutaka kushuka kwa uzito wake, ndiyo maana kwenye kupanda lazima uzungushe mizunguko njiani ili ushikwe. Yote hayo ni madogo. Kubwa ni moto. Polithini huwaka, hudondosha matone ya moto, na zile boriti zina miaka mingapi? Kebo ya ndani hutengenezwa kwa ganda lisiloeneza moto, na iliyo nzuri hutoa moshi mdogo usio na sumu ya klorini. Marekani kanuni yao ya umeme huruhusu kebo ya nje iingie ndani futi 50 tu, kiasi cha mita 15, kisha ibadilishwe. Hata asiyelazimishwa na sheria hiyo, kipimo chenyewe kina akili: ingiza, funga sanduku ukutani, unganisha, kuanzia hapo endelea na ya ndani. Zipo pia kebo za pande mbili, za nje na za ndani kwa pamoja, zimekaushwa, hazina grisi, zinastahimili maji na zina ganda la moto. Ni ghali kidogo. Kwa nyumba za Mji Mkongwe, ambako unatoka ukumbini ukaingia uwani kwenye mvua ukarudi tena ndani, mimi hununua hizo na sibishani na bei.

Sasa ardhi. Hapa ndipo wataalamu wa kutoka mbali wanapotukosea, kwani kwenye michoro yao udongo ni udongo. Bibi zetu walikuwa na majina: kichanga, kinongo, kinamo, uwanda. Kila moja lina kebo yake. Kwenye kichanga chimba, laza, fukia, hapana taabu. Kinamo cha mabonde ya mpunga hunywa maji kikavimba, kikikauka kinapasuka na kuvuta, kwa hivyo hapo unataka mrija mlegevu wenye ufito imara, na usiukaze hata kidogo. Uwanda wa mashariki Unguja na kaskazini ni jiwe tupu na udongo wa kiganja kimoja. Mtaro hauendi chini. Ukirudishia vifusi vya mawe makali juu ya kebo isiyo na deraya, umeitia kisu. Weka mchanga chini, weka mchanga juu, na utumie yenye bati la chuma lililokunjwakunjwa kama mabati ya paa, lakini jembamba kuliko kadi ya mwaliko.

Bati hilo humzuia na panya. Panya hataki faiba, anataka kunoa meno, na kebo ya kadiri ya kidole inamtosha mdomo. Mchwa je? Kwa mchwa viwandani huongeza ganda la nailoni, gumu, linateleza, hawalitafuni kwa urahisi. Lakini chuma kina deni lake. Radi ikipiga karibu, bati ni njia. Lazima ulifungie waya wa ardhini kila linapoingia jengo, na nimeona kazi nyingi ambapo fundi kaweka deraya akasahau ardhi, akawa amemjengea radi barabara ya lami mpaka kwenye mitambo. Kama huwezi kuifunga ardhini vizuri, chukua iliyolindwa kwa nyuzi za kioo badala ya bati.

Huku Pemba vilima ni vingi, mitaro huoshwa na mvua, kwa hivyo wengi hukimbilia kwenye nguzo. Sawa. Ya hewani ina namna mbili. Moja imeunganishwa na waya wa chuma pembeni, ukiikata ukaitazama ni kama nambari nane. Rahisi kufunga, lakini waya ule ukiwa karibu na bahari hushika kutu, ukague. Nyingine haina chuma hata chembe, inajishika yenyewe kwa aramidi. Hiyo ndiyo ya kupita kwenye nguzo za umeme. Muuzaji akikuuzia, muulize urefu wa nguzo kwa nguzo aliouhesabu, kwani kebo ya mita 80 si ya mita 200. Na pita shambani mwenyewe kabla hujaagiza. Mkarafuu hauogopi nguzo, na kuti la mnazi likiporomoka halichagui pa kuangukia.

Ziko za utepe, nyuzi 12 zimegandishwa bapa ukaziunganisha kwa pigo moja. Hizo ni za njia kuu zenye mamia ya nyuzi. Leo hatuzihitaji.

Chini ya bahari ni kazi ya watu wengine, ila nitasema moja kwa sababu ni historia yetu. Telegrafu ilifika Unguja kwa kebo kutoka Aden mwaka 1879. Waya wa shaba ndani ya utomvu wa gutaperka, nje nyaya za chuma. Na tangu wakati huo kanuni ni hiyohiyo: karibu na pwani, penye mawe, mawimbi na nanga, kebo huwa nene, imevishwa chuma, wakati mwingine mara mbili. Kwenye kina kirefu, pasipo na wa kuigusa, inabaki nyembamba. Waliliona hilo kabla ya babu zetu kuzaliwa, na sisi bado tunatandika kebo moja kutoka nguzoni hadi mezani.

Naulizwa hapa kuhusu kuipinda. Unapoivuta, nusu kipenyo cha duara la kona kisipungue mara 20 ya unene wa kebo. Ikishalala, mara 10. Yenye milimita 12 basi ni sentimita 24 ukivuta, 12 ikitulia. Na usiusafishe uzi kwa petroli, tafadhali. Alkoholi ipo famasi.

Haya, njooni mbele, tuchane vipande. Wewe uliyeniuliza kabla hatujaingia uanze na cheusi. Taratibu, kisu kwa pembeni. Na kila kipande cha kioo kitakachokatika kitieni kwenye chupa hii, hata kama hamkioni. Ukumbi huu jioni ni chuo cha watoto, wanakaa chini na wanatembea peku.