Mkomamanga wa Bukavu hauombi maji kila jioni

Jambo yenu, mama na baba. Walionisikia zamani kule Kadutu watanivumilia, maana neno langu ni lile lile: mikomamanga yenu mnaizamisha. Aliyechoka kulisikia, chai iko pale nyuma, ajihudumie.

Kuna mama mmoja wa Bagira. Leo hayupo, ndiyo maana namsema. Mti wake ulikuwa umepita paa la mabati, majani yanang'aa, machipukizi yanasongamana shinani, na tunda hata moja hakuna. Maua yalitoka machache, mekundu mazuri, yakadondoka yote. Mama alikuwa anaumwagia bidoni ya lita 20 kila jioni, mvua inyeshe isinyeshe. Mumewe naye alikuwa akiutupia konzi ya urea, mbolea ya nitrojeni, kila alipokumbuka, na yule baba ana kumbukumbu nzuri sana.

Nikachimba kwa mkono, hatua moja kutoka shinani. Udongo ulinata vidoleni kama ugali usioiva, ukatoa harufu ya kinamasi. Mizizi myembamba ilikuwa imegeuka kahawia. Ukiuvuta mmoja, ganda linakubakia mkononi na uzi wa ndani unabaki udongoni. Nikamwambia, "Mama, mizizi inakosa hewa." Akanijibu, "Mwalimu, mti usiomwagiliwa unakufa, hata mtoto anajua." Mtoto anajua kabichi! Nikauliza ni nani aliyemfundisha habari ya bidoni kila jioni. Shemeji yake wa Uvira.

Jamani, Uvira! Uvira iko chini, kwenye mita kama 800 juu ya bahari, joto la Ziwa Tanganyika linakausha hata shati mwilini. Sisi wa Bukavu tuko karibu mita 1,500. Asubuhi ukungu, mchana mawingu, usiku unatafuta blanketi. Kwenye baridi jani linapoteza maji kidogo, na mti unakunywa kidogo. Maji ambayo Uvira yangekauka upesi, hapa yanalala kwenye udongo wetu wa mfinyanzi na kuozesha mizizi. Ushauri wa shemeji ulikuwa mzuri. Ubaki Uvira.

Najua wachungaji waliomo humu wataniambia mkomamanga ni mti wa baraka, umo katika Kumbukumbu la Torati 8:8. Umo, ndiyo. Lakini tazameni umetajwa pamoja na nani: mzabibu, mtini, mzeituni. Hiyo ni miti ya nchi ambayo miezi ya joto haina mvua kabisa. Asili yake ni Iran na pande zile mpaka kaskazini ya India. Mti huu unajua kiu. Usichokijua ni kusimama miguu ndani ya maji.

Mwingine atasema, "Mwalimu, bombani maji hayatoki hata ya kupikia, wewe unatuhubiria kumwagilia kwa kiasi?" Basi wewe ndiwe mwanafunzi wangu bora! Ingiza mkono udongoni mpaka kifundo. Ukikuta ubichi, beba bidoni yako urudi nayo jikoni. Ukikuta pakavu, mwagilia polepole, maji yashuke chini. Usinyunyize juu juu. Mti mchanga wakati wa kiangazi, bidoni moja kwa juma inatosha. Mkubwa, bidoni mbili au tatu kila baada ya majuma mawili, na hata hapo mkono utangulie. Tandaza majani makavu ya migomba, yasiguse shina. Mvua za Septemba zikishika, weka bidoni chini. Mwenye parseli tambarare achimbe mfereji.

Kule Maharashtra, India, wakulima wanaunyima mkomamanga maji makusudi kwa majuma kadhaa, majani yanapukutika, kisha wanaweka samadi na kurudisha maji, na maua yanafumuka. Sisi kiangazi tunakipata bure. Mti mkubwa usio na tunda, uache Juni na Julai, uanze kuupa maji kidogo kidogo Agosti. Wenye tunda usiuguse na mchezo huo, kwa sababu tunda lililokaa na kiu ganda lake hukakamaa. Maji mengi yakija ghafla, punje za ndani zinavimba upesi kuliko ganda linavyoweza kutanuka, na komamanga linapasuka. Sisimizi wanakutangulia. Toka ua mpaka tunda kuiva ni miezi mitano hadi saba, na kwenye baridi yetu hesabu ile saba, kwa hiyo mara nyingi linaiva mvua ikiwa bado juu. Pande zake zikianza kuwa bapa, chuma. Na utamu wa nchi za joto msiutarajie. Letu litakuwa na ukali kidogo.

Mbolea, haraka haraka, naona mwenye ukumbi anatazama saa. Samadi iliyooza, ya ng'ombe, ya mbuzi, ya simbilisi, debe moja kwa mti mkubwa mvua za Septemba zikianza, na nusu yake Februari. Itandaze chini ya matawi, mbali na shina. Majivu ya jikoni kidogo, yana potasi. NPK 17-17-17, ile mbolea ya dukani ya nitrojeni, fosforasi na potasi, konzi moja kwa mti mkubwa tu; wa mwaka wa kwanza usiuwekee. Urea ipelekeni kwenye mahindi: hapa inaleta majani, na tunda linaanguka.

Nilitaka kusema juu ya chokaa na kukata matawi, lakini muda umekwisha. Wenye maswali ya machipukizi ya shinani: yakateni yote, leo.