Alexandre Trauner, mjenzi wa Paris ya kwenye filamu

Karibuni jamani, walioko nyuma sogeeni mbele, viti vipo. Leo naongelea Alexandre Trauner, mbunifu wa seti (majengo na mitaa inayojengwa kwa ajili ya kupigia filamu), na nasema mapema ninachoamini: huyu mzee alikuwa hanakili mitaa, alikuwa anachagua, yaani anajiuliza jicho la mtazamaji linahitaji vitu gani viwili vitatu ili liamini, vingine vyote anaachana navyo.

Alizaliwa Budapest 1906, akasomea uchoraji hukohuko, 1929 akahamia Paris, akawa msaidizi wa Lazare Meerson, bingwa wa seti Ufaransa enzi hizo. Baadaye akashikana na mwongozaji Marcel Carné na mshairi Jacques Prévert, hapo ndo kazi ikanoga. Kwenye Hôtel du Nord ya 1938, ule mfereji wa Saint-Martin mnaouona umejengwa studio kule Billancourt, pamoja na hoteli yenyewe. Mwaka uliofuata, Le Jour se lève, akasimamisha jengo refu la ghorofa, jamaa kajifungia chumba cha juu kabisa, polisi na watu wamejaa chini. Punguza lile jengo ghorofa mbili tu, upweke wa yule mtu unapotea.

Halafu vita ikaja. Trauner alikuwa Myahudi, na chini ya utawala wa Vichy, ile serikali ya Ufaransa iliyoshirikiana na Wajerumani, Wayahudi walipigwa marufuku kufanya kazi za filamu, kwa hiyo akajificha kusini, milimani nyuma ya Nice, na akiwa hukohuko mafichoni akachora seti za Les Enfants du paradis, filamu nyingine ya Carné na Prévert, mwenzake Léon Barsacq ndo akawa anaonekana mbele za watu. Hebu fikirini, mtaa mzima wa majumba ya maonyesho wa Paris ya karne ya 19 unasimamishwa studio za Victorine, mafundi wanagonga misumari mchana kweupe, na aliyeubuni hawezi kujitokeza. Filamu ilitoka 1945, Wajerumani wameshafukuzwa Paris, ndipo ikaandikwa wazi kwenye majina kwamba alishiriki kwa siri. Mimi hili linanigusa sana, maana ukiutazama ule mtaa huoni woga popote, umejaa watu na furaha tele.

Sasa Marekani. Mwongozaji Billy Wilder anatengeneza The Apartment ya 1960, anataka ofisi ya bima isiyo na mwisho, karani mmoja amepotea katikati ya makarani wenzake, na studio haina ukumbi wa urefu huo. Trauner akafanya hivi: mbele meza za kawaida na watu wazima, nyuma yao meza ndogo zaidi na watu wafupi zaidi, mpaka kule mwisho vimeza vidogo kabisa, na dari na taa zake nazo zinashuka taratibu kufuata mstari huohuo. Jicho linadanganyika lenyewe, linaona umbali ambao haupo. Ile kazi ikampa Oscar, na aliistahili kabisa.

Hakuchoka. Karibu anafika miaka 80 bado akabuni seti za Subway ya Luc Besson, 1985, wakampa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa. Alifariki 1993 kule Omonville-la-Petite, Normandy, kijiji kilekile alichozikwa rafiki yake Prévert.

Haya, nazima taa niwawekee kile kipande cha ofisi. Mara ya kwanza mwangalieni karani, mara ya pili msimwangalie kabisa, angalieni dari na zile safu za nyuma.