Geji Inasoma Ngapi?

Ndugu zangu, asanteni kwa kuja. Nimeombwa nizungumze juu ya leseni ya malori makubwa na mabasi hapa Marekani, na naona wengi mmekuja na kile kijitabu cha jimbo cha kujiandaa na mtihani. Kiwekeni chini kwanza. Madaraja mnayajua: A ni kichwa na trela, uzito wa jumla kuanzia pauni 26,001 na trela yenyewe ikizidi 10,000, B ni gari zito lisilovuta trela ya uzito huo, C ni gari dogo kuliko hayo linalobeba watu 16 au zaidi, dereva akiwemo, au mizigo ya hatari. Leseni ya kujifunzia lazima ukae nayo siku 14 kabla ya mtihani wa vitendo. Yote yameandikwa, sitayarudia.

Ninalotaka kusema ni lile ninalolisema kila mwaka, na nitalisema mpaka watu wasikie: acheni kukariri ukaguzi wa gari.

Najua kwa nini mnakariri. Mtihani wa vitendo ni kwa Kiingereza, na mkalimani haruhusiwi. Unasimama mbele ya mtahini, unagusa kipande kimoja kimoja, unakitaja jina na kueleza unachokikagua. Kiingereza kinakutisha, basi unatafuta maneno yaliyokwisha kupangwa, unayameza kama yalivyo. Sikulaumu kwa woga. Nakulaumu kwa dawa uliyoichagua.

Nilikuwa na mwanafunzi mmoja, kijana mwenye akili sana. Kwa wiki mbili alikariri ukaguzi mzima, kuanzia boneti hadi taa za nyuma za trela. Siku ya kumjaribu akazunguka gari bila kusita hata mara moja. Kiingereza safi. Wenzake wakampigia makofi. Nikamwambia apande ndani afanye kipimo cha upepo, maana breki za lori hufanya kazi kwa upepo uliobanwa kwenye mitungi.

Akafanya kama alivyofundishwa. Aliacha injini ijaze mitungi mpaka geji ikafika pauni 120 kwa inchi ya mraba na kompresa, ile pampu ya upepo, ikakata. Akazima injini, akarudisha swichi bila kuwasha, akasukuma ndani vifundo viwili, cha njano na chekundu, kuachia breki za kuegeshea. Akakanyaga breki ya mguu, akashikilia dakika nzima. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya kichwa cha lori, pale mipira ya upepo inapoingia kwenye trela. Alipokanyaga tu nikasikia: sssss. Kabla hajakanyaga, kimya. Sasa mlio haukatiki. Sssss.

Dakika ilipokwisha akatoa kichwa dirishani akasema kwa Kiingereza chake kizuri kwamba upepo haukushuka zaidi ya pauni nne. Nikamuuliza kwa Kiswahili: "Geji inasoma ngapi?" Akarudia ile sentensi. Nikamwambia, mwanangu, sikuulizi kitabu kinasema nini. Geji iliyo mbele ya macho yako inasoma ngapi? Ndipo akatazama. Ilikuwa 111. Pauni tisa zimekwenda ndani ya dakika moja, na yeye amekaa mbele yake akisema hakuna kitu.

Nikamshusha. Nikaushika mkono wake nikaupeleka kwenye mpira wa bluu, nikamwomba mwenzake akanyage. Upepo ukampiga kwenye vidole. Ile pete ya mpira pale kwenye kiungio ilikuwa imekauka na kupasuka, ufa mwembamba kama uzi. Nikamuuliza, kwa nini hukuusikia ulipozunguka gari? Hakujua. Hakujua kwa sababu hakuna aliyemwambia kwamba mpira mwekundu ndio unaoijazia trela upepo muda wote, na wa bluu hupitisha upepo pale tu unapokanyaga. Ukizunguka gari peke yako, hakuna mguu kwenye breki, mpira wa bluu hautatoa hata mlio. Ndiyo maana kipimo kinakutaka ukanyage na kushikilia! Sentensi aliyoikariri ilikuwa na maana, na maana hiyo hakupewa.

Tangu siku ile nafundisha hivi: kwanza kwa Kiswahili, kwa mkono. Shika kitu. Niambie kazi yake. Niambie kikiharibika kitatokea nini. Ukishajua hayo matatu, jina la Kiingereza utalishika jioni moja, na mtahini akikukatiza hutapotea, kwa sababu hutafuti mstari unaofuata. Unaangalia gari.

Chukua ile hatua ya mwisho ya kipimo. Unakanyaga na kuachia, kanyaga na achia, upepo unapungua. Kabla geji haijashuka chini ya 55 lazima taa na king'ora vikuonye. Unaendelea, na kati ya 45 na 20 vile vifundo vinaruka nje vyenyewe. Aliyekariri anataja namba. Anayejua anafahamu kwamba breki ya kuegeshea haifungwi na upepo, inafungwa na springi nene iliyo ndani ya lile kopo la chuma karibu na gurudumu. Upepo kazi yake ni kuizuia ile springi. Upepo ukiisha, springi inajifunga. Mtu wa namna hiyo akisikia king'ora barabarani atatafuta pa kusimama sasa hivi, maana anajua baada ya muda mfupi gari litasimama lenyewe, na halitamuuliza lisimame wapi.

Sasa nawasikia kule nyuma. "Mwalimu, mimi nimeendesha malori miaka kumi nyumbani." Naamini, na nakuheshimu kwa hilo. Lakini sheria haihesabu miaka hiyo. Tangu tarehe 7 Februari 2022, anayeomba A au B kwa mara ya kwanza lazima apitie mafunzo kwa mkufunzi aliyesajiliwa na serikali kuu. Hakuna idadi ya saa iliyowekwa. Mkufunzi ndiye anayethibitisha kwamba umeweza. Na mwenye miaka kumi ana faida moja kubwa, kazi za vipande anazijua tayari, anakosa majina tu. Lakini wengi wenu mnakuja hapa mnaona aibu, mnaiweka kando elimu yenu na kukariri kama mtu asiyewahi kushika usukani. Inaniuma sana kuliona.

Mwingine ananiambia, "Nipate leseni kwanza, mengine nitajifunza kazini." Kazini wapi? Utajifunza kwenye mteremko? Kwa mwendo wa maili 55 kwa saa, upepo peke yake kusafiri kutoka kwenye mguu wako hadi magurudumuni hukula kama futi 32 kabla breki hazijaanza kushika. Hizo ni futi 32 kwa gari lisilo na kasoro. Weka juu yake ule mpira wa bluu unaovuja.

Na Kiingereza chenyewe msikidharau. Sheria inamtaka dereva aweze kusoma alama za barabarani na kumjibu askari, na tangu Juni 2025 ukishindwa hapo unasimamishwa kazi palepale barabarani. Kwenye kituo cha mizani barabarani askari hatakuuliza kwa mpangilio wa kijitabu. Atanyoosha kidole chini ya trela na kukuuliza hiki kina nini. Utaanzia boneti?

Muda naona umekwisha, na mabasi sijayagusa. Haraka: abiria wana kibali chao, mabasi ya shule yana cha ziada juu yake, na milango ya dharura mtaifungua kwa mikono yenu, si kuionyesha kwa kidole. Ukifanya mtihani kwa gari la gia otomatiki, leseni itakuzuia kuendesha la gia za kawaida, basi amua mapema. Ukifanya kwa gari lisilo na breki za upepo, utazuiwa vilevile. Cheti cha daktari hakizidi miaka miwili. Kuvuka mpaka wa jimbo na mzigo ni kuanzia miaka 21. Mengine mniulize baadaye.

Gari liko nje, na mitungi nimeiacha mitupu makusudi. Dada uliyekaa mbele, utaanza wewe. Weka vizuizi kwenye matairi kabla hujapanda, ushushe dirisha, uwashe injini, na kila geji inaposogea utuambie kwa Kiswahili inasoma ngapi. Wawili wakasimame kwenye mipira, mmoja kwa mwekundu, mmoja kwa bluu. Aliye kwenye bluu awe msikivu.