Mashine Imekuja, Fundi Yuko Wapi?

Assalaam aleikum. Sogeeni mbele jamani, viti vya mbele havina mtu, au mnaogopa mate yangu. Haya. Nimeambiwa nizungumze habari ya teknolojia na tija na ajira na ushindani wa viwanda, mambo manne hayo kwa dakika arubaini, na walionialika wananijua, wanajua ntazungumza moja tu na mengine tutayakimbiza adhana ikikaribia. Karafuu siwaelezi, mwani siwaelezi. Mtu wa Chake Chake, hapa Pemba, kumueleza karafuu ni nini huko ni kumtukana.

Mie hadithi yangu ni ile ile ya mashine ya kusagia mwani. Mlokwisha kuisikia vumilieni, nshaisema Wete, nshaisema Unguja, na ntaisema mpaka mtu anisikie.

Kuna kikundi cha kina mama, kijiji sikitaji maana wifi yangu anakaa kule. Walikuwa wanakausha mwani, wanautwanga kwa kinu na mchi, wanauchekecha, ule unga wanautia kwenye sabuni. Sasa wewe unaekaa ofisini hujawahi kutwanga mwani mkavu, jaribu siku moja, ni kama unatwanga kandambili. Watu wawili kutwa nzima wanatoka na kilo mbili tatu na malengelenge ya mikono. Lakini wakitwanga tu, kwa sababu hesabu wanaijua. Kilo moja ya mwani mkavu imetokana na mbichi kilo saba mpaka kumi, umeufunga kwa taitai, vile vikamba vidogo, kimoja kimoja, umengoja bamvua maji yakupwe, umeutoa baharini kwa kichwa, umeuanika umeuanua na mvua, halafu mnunuzi alikuwa akikupa mia chache za shilingi. Unga wake ukiingia kwenye sabuni unatia kidogo tu kila kipande, kilo moja inakwenda masafa.

Basi akaja mfadhili akaleta mashine. Nzuri bwana, ya kijani, ina stika ya bendera. Ikapikwa pilau, utepe ukafungwa, mgeni rasmi akabonyeza kitufe, watu makofi. Kimya. Akabonyeza tena, makofi tena, kimya. Mota ilikuwa ya fezi tatu, ule umeme wa viwandani, na banda la kikundi lina umeme wa fezi moja, wa majumbani! Hakuna mtu hata mmoja alouliza, tangu ofisi ilonunua mpaka gari iloshusha. Na kuvuta fezi tatu mpaka pale, nguzo na waya na vibali, ilikuwa ghali kuliko mashine yenyewe. Ikakaa miezi kumi na moja. Kuku akatagia kwenye ule mdomo wa kutilia mwani, wallahi mayai nimeyaona kwa macho yangu, na mie ndo nlosema wasimtoe mpaka aatamie, angalau mashine izalishe kitu.

Mnacheka. Mie sikucheka siku ile.

Alokuja kuiwasha ni kijana anaechomea mageti, mama yake mwanakikundi. Akatoa ile mota akatia ya fezi moja ya hospawa tatu, akabadilisha puli ili mwendo usianguke, belti akachukua ya mashine ya kukobolea mpunga. Ikasaga. Wiki ya tatu unga ukaanza kutoka na vidoti vyekundu, sabuni ina madoa kama ina surua. Ni kutu. Chujio la ndani lilikuwa chuma cha kawaida, na mwani ni chumvi tupu, alotengeneza huko alikokuwa kichwani mwake ana mahindi. Kijana akaenda kutafuta sinki bovu la stenlesi la hotelini, akalikata, akatoboa matundu kwa drili moja moja siku nne. Toka hapo mashine inasaga kwa saa moja kile kilichotwangwa kwa siku mbili.

Sasa niambieni nyie mnaoandika ripoti, teknolojia iliingia lini pale? Siku ya pilau au siku ya sinki? Kwenye makaratasi imeandikwa siku ya pilau. Mashine ipo, tija sufuri, miezi kumi na moja, na kwenye hesabu za mradi hiyo ni "imekabidhiwa". Kitu kinachoitwa ubunifu sie tunakitafuta kwenye makasha yanayoshuka bandarini, na kumbe kilikuwa kinachomea mageti pale barabarani na hana hata umeme wa uhakika, tena akiomba mkopo wanamuuliza cheti.

Ntasikia mtu, na kweli kila mahali anainuka mtu, mwalimu mashine zinakula ajira. Sawa, usinidhani nimekuja kuwauzia mashine. Pale kijijini alikuwepo bi mkubwa mmoja akilipwa kwa kutwanga, kwa kilo. Mashine ilipowaka kazi yake ikafa siku hiyo hiyo, na hakuna alomfikiria, na wenziwe waliofanya sabuni nyingi zaidi ni wale walokuwa na nafasi ya kukaa kupika sabuni, yeye miguu haimruhusu. Mtu akikwambia hakuna anaeumia huyo hajakaa na watu. Lakini kikundi kilikuwa na watu kumi, skuizi wako wanaopika, wanaofunga, wanaouza hotelini. Kazi haikupotea, imehama, na imehamia kwa mwengine. Swali ni hilo la kuhamia kwa nani.

Na tazameni mwani wenyewe baharini. Ulianza kulimwa kibiashara upande wa Paje na Jambiani kule Unguja mwaka 1989, na mpaka leo walio wengi ni wanawake, kwa sababu unalimwa kwenye maji madogo, bahari ikipwa unakwenda kwa miguu. Sasa ule aina ya wenye bei, unaitwa kotonii, maji ya pwani yakipata moto unaugua, unakatika, unakufa, watu wakabaki na aina ya pili, spinosum, unaovumilia. Dawa ni nini? Dk. Flower Msuya, mtafiti wa mwani, na wenzake wa Taasisi ya Sayansi za Bahari walifanya majaribio ya kuulima kwenye maji ya kina, ndani ya neti ndefu kama bomba. Teknolojia nzuri, sina neno. Lakini kule kwenye kina unataka chombo, na unataka kujua kuogelea, na kina mama wangapi hapa mmefundishwa kuogelea? Inueni mikono. Haya, watatu. Basi tukileta neti bila ya kuogelea na bila ngarawa, tumechukua kazi ya mwanamke tumempa mwanamme, na ripoti itaandika uzalishaji umepanda. Kweli umepanda!

Nlitaka nizungumze makonyo. Kwa ufupi. Makonyo, vile vijiti vya karafuu, zamani mtu akiyafagia, na kiwanda cha pale Wawi kikayapitisha kwenye mvuke kikatoa mafuta, na ndani ya mafuta ile eujenoli, dawa ya kutuliza jino, daktari wa meno anaijua. Taka imekuwa bidhaa. Hii ndo maana ya teknolojia kwangu, sio roboti. Lakini nani anaitengeneza ile mitambo ikichakaa, ntarudi pale pale kwa fundi, mnanijua.

Umeme. Pemba tumepata waya wa chini ya bahari kutoka Tanga mwaka 2010, kabla yake majenereta ya dizeli. Na Unguja mwaka huo huo walikuwa wametoka gizani, miezi mitatu toka Disemba 2009 mpaka Machi, waya wa Fumba unaoleta umeme kutoka bara umekufa. Hebu mwambie mwenye kiwanda cha barafu ashindane na mtu wa Mombasa kwa miezi mitatu hiyo. Nimemaliza umeme.

Ushindani, naona mwenyekiti anatazama saa. Indonesia alikuwa mteja wetu mkubwa wa karafuu, za sigara zao zile, akapanda zake akajitosheleza, na leo yeye ndie wa kwanza duniani. Kwenye mwani yuko juu yetu pia yeye na Ufilipino. Kwa wingi hatumfikii, tusijidanganye, kisiwa hakivutiki kama mpira. Na kiwanda cha kutoa karajinani, ile gundi ya mwani ya kuzitia uzito vyakula, nacho kinataka maji matamu mengi mno na dawa na mwani wa tani kwa tani kila siku, kwa hiyo mtu akikuahidi hicho mwambie akuoneshe kwanza maji. Sie nguvu yetu ni kipande cha sabuni na chupa ya mafuta, chenye jina la Pemba juu yake.

Habari ya simu na intaneti nliiandika hapa ukurasa mzima, basi, siku nyengine. Adhana hiyo.

Maswali nje. Na yule kijana wa chujio yupo pale nyuma mwenye shati la buluu, anaona haya, bei ya kuchonga muulizeni yeye msiniulize mie, na msimwambie mnarudi kesho, mpeni avansi anunue bati.