Ndoa, kifo na karatasi ya komini

Baba na mama, ndugu wanafunzi, asanteni kwa kuja.

Hapa Lubumbashi hakuna asiyeyajua mambo haya: mume amefariki, matanga hayajaisha, ndugu zake wamekuja kufunga nyumba. Mjane aliyetolewa mahari lakini hakuandikishwa komini, ile ofisi ya serikali inayoandikisha ndoa, atashika nini mkononi? Miaka yake yote na yule bwana inabishaniwa na watu ambao hawakumuuguza hata siku moja.

Nimeanza hapo kwa sababu Jim Obergefell wa Ohio, Marekani, alipigania jambo hilohilo. Mwenzake, John Arthur, alikuwa mahututi kwa maradhi yanayokausha misuli. Jimbo lao halikutambua ndoa ya wanaume wawili. Julai 2013 marafiki na jamaa walichanga fedha, ikakodiwa ndege ya wagonjwa hadi Maryland, wakafungishwa ndoa ndani ya ndege hiyo, ikiwa bado uwanjani. Oktoba Arthur akafariki. Obergefell alichodai mahakamani ni cheti cha kifo kimwandike yeye kuwa mume wa marehemu. Basi! Tarehe 26 Juni 2015, majaji 5 kati ya 9 wa Mahakama Kuu walimpa haki, na majimbo yote yakafunguliwa mlango.

Msiniambie hayo ni ya Wazungu. Afrika Kusini ilitangulia: Mahakama ya Katiba iliamua mwaka 2005 katika kesi ya Marié Fourie na Cecelia Bonthuys, ikalipatia Bunge miezi 12 kurekebisha sheria, na sheria inayowaruhusu watu wa jinsia moja kufunga ndoa ikaanza kutumika Novemba 30, 2006.

Kwetu Kongo, kifungu cha 40 cha Katiba ya 2006 kinampa kila mtu haki ya kuoa au kuolewa na amtakaye, mradi awe wa jinsia nyingine. Sheria ya adhabu haiyataji mapenzi ya jinsia moja kuwa kosa, ila kifungu cha 176, cha kuvunja adabu hadharani, hutumiwa dhidi ya wapenzi wa jinsia moja. Kwa hiyo wanaishi pamoja kimya, na mmoja akifa, aliyebaki hana hata haki ya kubishana.

Mimi naona huo ni uonevu, nami nausema hadharani. Wanaosoma sheria, kisomeni kifungu cha 40 pamoja na cha 12, kisemacho Wakongomani wote ni sawa mbele ya sheria, kisha mnieleze mnavipatanishaje. Mama pale mbele ameinua mkono, karibu, mama.