Kanada: Nchi Kubwa, Watu Wako Wapi?

ZUHURA: Karibu sana msikilizaji. Mimi ni Zuhura, niko na kaka Mwita, na leo tunakwenda mbali kidogo: Kanada. Wengi mmetuandikia mkitaka tuizungumzie, hasa nyinyi vijana mnaotafuta vyuo huko.

MWITA: Na swali linalojirudia, dada Zuhura, ni hili. Mtu anatazama ramani, anaona nchi ya kilomita za mraba karibu milioni 10, ya pili kwa ukubwa duniani baada ya Urusi. Halafu anaambiwa watu wake ni kama milioni 41 tu. Tanzania inaingia humo mara kumi, na sisi tumeshavuka milioni 60. Sasa ile nchi ni tupu?

ZUHURA: Hapo ndipo nataka tuanzie, kwa sababu wazo hilo la ardhi tupu limefanya makubwa Kanada, mengine mabaya. Ila kwanza twende kwenye ramani. Theluthi mbili hivi ya Wakanada wanaishi ndani ya kilomita 100 kutoka mpaka wa Marekani. Toronto, Montreal, Vancouver, Winnipeg, Ottawa yenyewe ambayo ni makao makuu, yote iko kusini kabisa. Na mpaka huo una urefu wa kilomita 8,891, hakuna nchi mbili duniani zenye mpaka mrefu zaidi ya huo.

MWITA: Mimi mtoto wa Musoma nilikua nikijua Ziwa Victoria halina mpinzani. Kumbe kwa maziwa ya maji baridi, ukipima eneo, letu ni la pili. La kwanza ni Superior, wanalogawana Kanada na Marekani.

ZUHURA: Na kwenye milima nako wametuzidi kidogo. Mlima Logan, kule Yukon, una mita 5,959. Kilimanjaro ni 5,895.

MWITA: Mita 64 tu!

ZUHURA: Mita 64 tu, lakini kule hakuna wapagazi wala njia ya Marangu. Sasa ukitoka magharibi penye milima ukaja mashariki, unakuta nyanda za Alberta, Saskatchewan na Manitoba, nchi ya ngano. Shikilia hapo kwenye ngano, tutarudi. Mbele zaidi, kuizunguka Ghuba ya Hudson, kuna mwamba wa kale sana, udongo haba, misitu na maziwa yasiyohesabika. Kulima pale ni shida, na hiyo ni sababu mojawapo ya watu kubanana kusini.

MWITA: Halafu kaskazini kabisa.

ZUHURA: Nunavut. Hapa naomba tukae kidogo. Eneo hilo peke yake ni mara mbili ya Tanzania, na watu wake ni kama elfu arobaini. Wengi wao ni Wainuiti, wenyeji wa asili wa kaskazini ile ya barafu. Makao makuu ni Iqaluit, na hakuna barabara inayokutoa kusini kukufikisha pale. Unakwenda kwa ndege. Mizigo mizito, saruji, magari, unga wa mwaka mzima, inasubiri meli za kiangazi barafu ya baharini ikishayeyuka. Nyumba nyingi zimeinuliwa juu ya nguzo, maana ardhi chini imeganda mwaka mzima. Ukiijengea nyumba moja kwa moja juu yake, joto la ndani linaiyeyusha na nyumba inazama upande.

MWITA: Na utawala wao ndio ulionivutia mimi. Nunavut ilizaliwa tarehe 1 Aprili 1999, baada ya Wainuiti kudai ardhi yao kwa miaka mingi mezani, bila vita. Baraza lao lina wajumbe 22 na hakuna vyama. Kila mmoja anagombea kwa jina lake, wakishakutana wanamchagua kiongozi kati yao kwa kura ya siri. Ukiingia ukumbini unaona wamekaa kwa duara.

ZUHURA: Ukishuka kusini mambo yanabadilika. Kuna majimbo kumi na maeneo matatu ya kaskazini: Yukon, Northwest Territories na hiyo Nunavut. Jimbo lina mamlaka yake kikatiba, Ottawa, yaani serikali ya shirikisho, haiwezi kuyachukua. Maeneo yana mamlaka yaliyotolewa kwa sheria ya Bunge la shirikisho. Kijana unayekwenda kusoma, zingatia hili: Kanada haina wizara ya elimu ya taifa.

MWITA: Haina kabisa?

ZUHURA: Haina. Elimu ni ya jimbo. Hospitali zinaendeshwa na jimbo. Madini na misitu ni ya jimbo. Ukihama kutoka Ontario kwenda Alberta, unabadilisha leseni ya udereva na kadi ya matibabu. Hata matibabu ya bure yalianzia jimboni: Saskatchewan, mwaka 1962, kwa msukumo wa Tommy Douglas, aliyekuwa kiongozi wa serikali ya jimbo hilo, na madaktari wakagoma siku za mwanzo. Baadaye ndipo nchi nzima ikafuata.

MWITA: Na mfalme je? Maana watu wanachanganyikiwa hapo.

ZUHURA: Mkuu wa nchi ni Mfalme Charles wa Tatu, anayewakilishwa na Gavana Mkuu. Mwenye madaraka ya kweli ni Waziri Mkuu, na wananchi hawampigii kura moja kwa moja; anaongoza kwa kuwa Bunge linamkubali. Mark Carney aliapishwa Machi 2025 akiwa hata si mbunge, uchaguzi ukafuata Aprili. Na Mei mwaka huohuo mfalme alikwenda Ottawa mwenyewe kufungua Bunge.

MWITA: Mimi napenda tumzungumzie Mary Simon. Aliapishwa kuwa Gavana Mkuu Julai 2021, Mwinuiti wa kwanza, mwenyeji wa kwanza wa asili kushika nafasi ile. Kelele zikaja kwamba hajui Kifaransa vizuri, na Kifaransa ni lugha rasmi tangu sheria ya 1969. Akaeleza kwamba alipokuwa mtoto, kaskazini mwa Quebec, shule ya serikali aliyosoma haikumpa nafasi ya kujifunza Kifaransa. Lakini Kiinuktitut anakijua, na lugha hiyo imezungumzwa kule kabla ya Mfaransa wala Mwingereza kutia nanga.

ZUHURA: Quebec nao wana uchungu wao. Ni wazungumzaji wa Kifaransa waliozungukwa na bara zima la Kiingereza. Mwaka 1995 walipiga kura kama wajitenge. Waliokataa ni asilimia 50.58. Nchi ilinusurika kwa uzi mwembamba. Ukifika Montreal ukaona mabango ya maduka yameandikwa Kifaransa kwa herufi kubwa, ujue ni sheria, na nyuma yake kuna hofu ya kweli ya lugha kufa.

MWITA: Sasa turudi kwenye ardhi tupu.

ZUHURA: Turudi. Shirikisho lilipoundwa tarehe 1 Julai 1867 lilikuwa na majimbo manne tu ya mashariki. Walipotaka nyanda za magharibi, walikuta watu: Wacree, Wablackfoot, na Wamétis, uzao wa wafanyabiashara wa manyoya na wanawake wenyeji. Kuanzia 1871 serikali ikatia saini mikataba ya ardhi nao, mmoja baada ya mwingine. Nyati wa nyandani walikuwa wakiisha kwa kuwindwa ovyo, watu wana njaa, na mwaka 1885 reli ikakamilika hadi pwani ya Pasifiki. Wazungu walipoletwa kulima ngano, waliambiwa ardhi ni wazi, inawasubiri.

MWITA: Mikataba ile bado hai. Hadi leo kuna siku ya mkataba: maofisa wa serikali wanafika kwenye jamii, askari polisi akiwa kwenye sare nyekundu, na kila mtu anapokea dola tano.

ZUHURA: Dola tano kwa mwaka.

MWITA: Tano zilezile za karne ya kumi na tisa, noti mkononi. Jamii za kandokando ya Ziwa Huron, zenye mkataba wa 1850, zilikuwa zikipata dola nne. Zikaenda mahakamani, na mwaka 2023 serikali ikakubali kulipa dola bilioni 10 za fidia.

ZUHURA: Na kuna lililo zito zaidi. Watoto zaidi ya 150,000 walitolewa kwa wazazi wao wakapelekwa shule za bweni zilizoendeshwa na serikali pamoja na makanisa. Walikatwa nywele, waliadhibiwa kwa kusema lugha za mama zao. Maelfu hawakurudi nyumbani. Za mwisho zilifungwa miaka ya 1990, jana tu. Mwaka 2008 Waziri Mkuu Stephen Harper aliomba radhi bungeni. Kila tarehe 30 Septemba utaona watu wamevaa fulana za rangi ya chungwa. Wanawakumbuka watoto hao.

MWITA: Mimi siwezi kulisikia hilo la ngano bila kufikiria Hanang.

ZUHURA: Waeleze wasikilizaji, maana wadogo hawajui.

MWITA: Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, kwa miaka zaidi ya ishirini, Kanada ilifadhili mashamba makubwa ya ngano ya NAFCO, shirika letu la umma la kilimo, uwanda wa Basotu huko Hanang. Wataalamu, matrekta, mashine za kuvunia, mtindo mzima wa kulima ulitoka kwenye nyanda zao. Ngano ilipatikana, mikate ya mjini ikaokwa. Lakini uwanda ule ulikuwa malisho ya Wabarbaig, tena malisho bora, waliyokuwa wakihamia kwa majira. Makaburi ya wazee wao yalikuwa humo. Wanakijiji wa Mulbadaw walifika hadi mahakamani kuishtaki NAFCO. Mpangaji wa mradi aliona uwanda usiolimwa, akahesabu kuwa hauna mwenyewe.

ZUHURA: Saskatchewan na Manyara, hadithi moja.

MWITA: Kabisa. Na viongozi wetu nao walikubali, tusiwatupie wageni lawama yote.

ZUHURA: Basi tuseme habari za wageni wao, maana utamaduni wa Kanada wa leo huwezi kuutenganisha na wahamiaji. Idi Amin alipowafukuza Waasia wa Uganda mwaka 1972, Kanada iliwapokea zaidi ya 6,000 kwa miezi michache. Kutoka Tanzania nako familia nyingi za Kiismailia zilihamia miaka ile. Naheed Nenshi, aliyekuwa meya wa Calgary kuanzia 2010 hadi 2021, wazazi wake walitoka Tanzania.

MWITA: Eneo la Toronto karibu nusu ya wakazi walizaliwa nje ya nchi. Na bado watoto wao wanacheza hoki ya barafuni! Kuna sheria ya 1994 inayoutaja huo kuwa mchezo wa taifa wa majira ya baridi, na lacrosse, mchezo wa wenyeji wa asili, wa kiangazi. Ottawa mfereji wa Rideau ukiganda, watu wanavaa viatu vya kuteleza na kwenda kazini juu ya barafu, kilomita karibu nane.

ZUHURA: Nimalizie na jambo la vijana. Walioko kwenye kambi za wakimbizi za Dadaab na Kakuma, Kenya, wanaujua mpango wa WUSC, shirika la Kanada la elimu ya vyuo vikuu, ulioanza 1978. Mwanafunzi mkimbizi anapelekwa chuo kikuu Kanada na kupewa ukaazi, na sehemu kubwa ya gharama inatoka kwa wanafunzi wenzake: vyuo vingi wanapiga kura kukubali kukatwa dola chache kila mmoja kwenye ada yake. Wanafunzi wa pale ndio wanaompokea uwanja wa ndege, wanamtafutia koti, wanamwonyesha namna ya kupanda basi.

MWITA: Na uombaji wake unapitia hukohuko kambini, hakuna wakala wa kulipwa. Akikuomba hela, kimbia.

ZUHURA: Kabisa. Na wewe unayejilipia, anza na tovuti ya jimbo unalokwenda, usome masharti ya bima ya afya kwa wanafunzi wa kigeni, kwa sababu kila jimbo lina yake. Kipindi kijacho ni Quebec peke yake. Tuandikieni maswali.

MWITA: Kwaherini.