Mvua ya Amsterdam: Mhadhara Kuhusu Mdundo wa Mtaa

Ndugu zangu, leo nimewaletea filamu moja tu, ya dakika 12 hivi. Haina hadithi, haina shujaa, haina neno linalosemwa. Inaitwa Regen, yaani Mvua. Joris Ivens na Mannus Franken waliitengeneza jijini Amsterdam, Uholanzi, ikatoka mwaka 1929.

Mwanzoni jua linawaka juu ya mapaa. Upepo unatikisa nguo zilizoanikwa, ndege wanaruka. Kuna mtu anakunjua kiganja, anatazama juu, anainua kola ya koti. Basi, mji umebadilika! Mimi kiganja kile nimekitazama mara nyingi, na kila mara nahisi ubaridi wa tone.

Angalieni maji ya mfereji. Tone linaanguka, linachora duara. Linakuja jingine, na jingine. Maduara yanagusana, yanafutana, mpaka uso wote wa maji unachemka. Huo ndio mdundo ninaousema. Wengi wetu tukiambiwa filamu iwe na mdundo tunakimbilia mkasi, tunakata picha vipande vipande. Lakini hapa kasi inazaliwa ndani ya picha yenyewe. Mhariri anaipokea tu. Halafu inakuja miavuli, imepigwa kutoka juu. Nyuso hazionekani. Ni migongo myeusi inayong'aa, inasukumana kama kobe, na watu wa kila siku wamegeuka umbo na mwendo.

Ukiitazama utadhani ni mvua moja. Sivyo. Ivens aliziokota mvua hizo kwa miezi kadhaa, kwa kamera ndogo ya Kinamo, ya kushika mkononi, yenye springi ya kujazwa kama saa. Alilala nayo karibu. Marafiki walikuwa wakimpigia simu wakiona mvua nzuri upande wao wa mji. Hili nalisisitiza, kwa sababu naona vijana wanaingia mtaani na kamera kwa saa moja tu, wanarudi wakisema mtaa hauna kitu. Mtaa ulikuwa nacho, wao hawakungoja.

Mwaka 1941 Hanns Eisler aliitungia muziki, na ni muziki mzuri sana. Leo nitauacha, nataka macho yafanye kazi peke yake.

Naomba taa zizimwe. Mvua ikikatika, itazameni lami.